Wangojao Tabora

Mji wa Tabora umezoea kungojesha watu tangu zama za misafara. Burton na Speke waliondoka pwani mwezi wa Juni 1857, wakafika Kaze, ndiyo Tabora ya leo, mwezi wa Novemba. Livingstone naye, mwaka 1872, alikaa Kwihara tangu Machi hadi Agosti akiwangojea wapagazi ambao Stanley alikwenda pwani kumpelekea. Wapagazi wa Kinyamwezi wenyewe ni wachache walioandikwa majina, ingawa njia ile ilisimama juu ya mabega yao.

Reli ilipofika mwaka 1912 mabega yalipumzika, lakini kungoja hakukwisha. Stesheni ya Tabora ni njia panda: treni ya Kigoma hushika magharibi, na ya Mwanza huelekea kaskazini kwa reli iliyokamilika mwaka 1928. Sisi watu wa visiwani, tuliozoea boti iondokayo asubuhi na kutia nanga kabla ya adhuhuri, hatuna budi kujifunza subira ya bara.

Mtazame mama aliyeketi juu ya gunia la karanga. Kijana aliye kando yake hamjui, lakini akitaka kwenda kuteka maji humwachia mtoto na mzigo pasipo kumwuliza jina wala kabila. Mzee hutoa "mwangaluka" kwa kila apitaye. Mwenye kopo la maji huwagawia wenziwe wakatawadha, kisha watu wasiojuana wakasimama safu moja pembezoni mwa mizigo. Hakuna kamati iliyoyaamuru hayo. Sisi tuliohutubia watu miaka mingi juu ya umoja ingetufaa kuketi pale usiku mmoja, tukiwa kimya.

Walakini subira ya wananchi isigeuzwe kuwa kisingizio. Livingstone alijua angojacho. Msafiri akiambiwa kwamba treni itachelewa saa sita, atakwenda sokoni, atatafuta chakula, atamlaza mtoto. Asipoambiwa, hukesha ameshika kamba ya mzigo wake, masikio yameelekea relini. Treni ya umeme ilianza kuchukua abiria baina ya Dar es Salaam na Dodoma mwaka 2024, nalo ni jambo la kujivunia. Ila ubao na chaki havihitaji fedha za kigeni. Yawapasa wakubwa wanaohusika waagize kwamba saa ya kweli, hata ikiwa mbaya, iandikwe mahali ambapo mama yule ataiona bila ya kuliacha gunia lake.