Jengo la Serikali, Deni la Nani?



Kontrakta akipewa kazi ya kujenga hospitali ya serikali, fedha hupita mikono mingi. Serikali humlipa kontrakta mkuu, naye humlipa kontrakta mdogo, naye humlipa mwenye kiwanda cha mabomba au matofali. Mwisho kabisa ndipo mshahara humfikia mfanyakazi. Mkono mmoja ukikwama, wa mwisho hulala njaa. Je, adai wapi? Tuangalie wenzetu wa Marekani.

Huko, fundi asiyelipwa kwa nyumba ya mtu binafsi anaweza kuishika nyumba hiyo kwa sheria mpaka deni lilipwe. Jengo la serikali kuu haliguswi. Kwa sababu hiyo, mwaka 1935 ilipitishwa Sheria ya Miller. Kontrakta mkuu anayepewa kazi kubwa lazima kwanza alete mdhamini, kwamba waliotoa jasho na vifaa watalipwa.

Asiyelipwa hupeleka shauri katika mahakama ya serikali kuu ya wilaya ile kazi ilikofanyika, hata kama deni ni dogo. Shauri huandikwa kwa jina la Marekani, kwa faida ya mdai. Lakini anayedaiwa si serikali. Ni kontrakta pamoja na mdhamini wake.

Siku nazo zinahesabiwa. Aliyemuuzia au kumfanyia kazi kontrakta mdogo lazima amwandikie kontrakta mkuu kabla hazijapita siku 90 tangu siku ya mwisho ya kazi au ya kuleta vifaa. Shauri lenyewe lifunguliwe kabla ya mwaka kwisha tangu siku hiyo. Tena, mwaka 1974 Mahakama ya juu kabisa ya nchi hiyo ilisema kwamba kwa kawaida mshindi hujilipia wakili wake mwenyewe.

Sasa tuje kwenye letu. Mwaka 1957 mahakama hiyo ya juu iliamua kwamba michango ya mfuko wa afya wa wafanyakazi, ambayo mwajiri aliahidi katika mkataba na chama, nayo ni malipo ya kazi. Mdhamini akatakiwa kuilipa. Huo ulikuwa ushindi wa vyama.

Lakini mwaka 1978 mlango ulibanwa. Kazi ilikuwa ya kuongeza hospitali ya serikali huko San Antonio, Texas. Kontrakta mkuu alimpa kazi wa pili, na wa pili akampa wa tatu kufunga mabomba ya kuzimia moto. Wa tatu hakulipa michango ya wafanyakazi wake. Mahakama ikasema kontrakta mdogo ni yule tu mwenye mkataba na kontrakta mkuu. Wafanyakazi wa yule wa tatu wakabaki nje ya dhamana, ingawa mabomba waliyafunga kwa mikono yao.

Ndugu, sheria zetu si hizo, lakini mikono mingi tunaijua. Kabla ya kuingia kazini, uliza: mwajiri wangu ana mkataba na nani? Mdhamini yupo? Andika tarehe na saa za kazi, tunza karatasi ya malipo, na upeleke malalamiko kwa chama mapema, kwa maandishi. Mali bila daftari huisha bila habari. Na jasho ni mali.