Kwa nini ukipotea uwandani unazunguka?

Toka Babati mjini uelekee mashariki, ng'ambo ya Tarangire, utakutana na nyanda za Simanjiro: nyasi, migunga, halafu nyasi tena. Sasa jiweke huko peke yako, simu imezima, maji yamebaki nusu chupa. Unaamini unanyoosha. Kumbe unazunguka!

Hili limepimwa. Mwaka 2009 Jan Souman na wenzake wa Taasisi ya Max Planck, Ujerumani, walichapisha utafiti ambapo watu walivalishwa GPS na kuambiwa watembee moja kwa moja. Wengine walikuwa msituni, wengine jangwani Sahara, Tunisia. Jua lilipoonekana walinyoosha vizuri. Msituni, wingu lilipotanda, walikata njia yao wenyewe bila kujua. Aliyetembea jangwani usiku alinyoosha mpaka mwezi ulipojificha, kisha akageuka kuelekea alikotoka.

Wengi husema ni mguu mmoja mrefu. Hapana bwana. Mtu yule yule alipinda kushoto, baadaye kulia. Tatizo ni kwamba ubongo unakadiria "mbele" kwa hisia za misuli na viungo vya usawa ndani ya sikio. Kila hatua ina kosa dogo, na makosa yanajumlishana. Ni kama fundi anayepanga tofali bila kamba: kila tofali linaonekana sawa, ila ukuta umepinda.

Kwa hiyo unahitaji kamba, yaani kitu cha mbali kisichosogea. Kwenye tambarare, mtu aliyesimama huona ardhi mpaka kama kilomita 4.5 tu, halafu mviringo wa dunia unaficha. Lakini mlima ulioinuka mita 1,600 juu ya uwanda unaweza kuonekana zaidi ya kilomita 140, hewa ikiwa safi. Ndiyo maana Hanang na Kwaraa ni zaidi ya mandhari.

Na jua je? Linasaidia asubuhi na jioni. Saa sita mchana, hasa mwanzoni mwa Machi na Oktoba, kwetu linakuwa utosini, halikuoneshi upande wowote.

Basi ukijikuta peke yako: chagua alama mbili zilizo kwenye mstari mmoja, mti wa karibu na kilima cha mbali, utembee ukizipanga. Ukifika kwenye mti, chagua mwingine. Mchana huoni alama yoyote? Kaa kivulini, usubiri jua liegemee magharibi. Kuzunguka kwenye joto kunamaliza maji, na hakukufikishi popote.