Sakafu ya Mbao: Ugumu Pekee Hautoshi

Mkaazi anayejenga akifika kwenye yadi ya mbao, jambo la kwanza ambalo muuzaji humwambia ni kwamba mbao hizi ni ngumu. Huenda ni kweli. Lakini ugumu hausemi lolote kuhusu mchwa wala kuoza, na wengi hugundua hivyo pesa zikiwa zimekwisha.

Ugumu hupimwa kwa mbinu iliyopewa jina la Gabriel Janka. Gololi ya chuma yenye kipenyo cha milimita 11.28 husukumwa kwenye ubao hadi nusu yake izame, na nguvu iliyohitajika ndiyo kipimo. Kwa kipimo hicho, mvule una ugumu zaidi ya mara mbili wa saipresi. Ndiyo sababu sakafu ya saipresi huchukua haraka alama za miguu ya viti na visigino vya viatu.

Kudumu ni suala jingine kabisa. Mkaratusi ni mgumu, lakini nguzo za umeme zinazotokana nao hutiwa dawa kabla ya kusimamishwa, la sivyo zingeoza. Mtarakwa ni laini kuuliko, na bado nguzo zake za ua hukaa ardhini miaka mingi bila dawa yoyote. Siri iko kwenye kiini cha mti, ambacho hubeba kemikali za asili zinazowafukuza wadudu. Sehemu ya nje, yenye rangi hafifu karibu na gome, haina kinga hiyo, hata kwenye mvule. Ubao wa mvule wenye ukanda mweupe pembeni unauzwa kwa bei ya mvule, lakini ukanda huo mchwa wataula. Ukatae.

Kisha kuna unyevu. Mbao mbichi, hasa za mkaratusi, hupasuka na kujipinda zikishapigiliwa misumari. Mwombe muuzaji apime unyevu mbele yako. Takriban asilimia 12 inafaa. Zikifika nyumbani, zipange ndani na vijiti katikati ili hewa ipite, wiki kadhaa kabla ya fundi kuanza kazi.

Kwa mwenye bajeti ndogo, saipresi iliyokauka vizuri inatosha chumbani, ambako watu hutembea kwa ndara. Sebuleni na kwenye ujia, mvule unastahili gharama yake, ila mti huu unazidi kupungua, hivyo dai stakabadhi zinazoonyesha ulikotoka. Boriti za chini zipakwe dawa ya mchwa kabla ya kufunikwa. Baadaye haziwezi kufikiwa bila kung'oa sakafu.