Mgonjwa Anayepumua kwa Mrija Shingoni



Huenda jirani yako akarudi kutoka hospitali akiwa na mrija shingoni. Usimwogope. Njia yake ya hewa iliziba, kwa uvimbe au kwa ajali. Waganga wametoboa tundu chini ya koromeo. Sasa anapumua kwa tundu hilo. Likiziba, amekufa.

Mirija mingi ina sehemu mbili. Mrija wa nje umefungwa kwa utepe. Huo msiutoe. Wa ndani hutolewa, ukaoshwa kwa sabuni na maji yaliyochemshwa yakapoa. Fanyeni hivyo kila siku, asubuhi, mchana na jioni.

Usiku mmoja niliitwa kwa mzee mwenye mrija kama huo. Wanawe waliona aibu watu wakiutazama, wakamfunga kitambaa kizito shingoni. Makohozi yalikauka ndani. Nilimkuta anahangaika, midomo imekuwa ya buluu. Nilitetemeka, nasema kweli. Nilichomoa mrija wa ndani. Ulikuwa umeziba kabisa. Hewa ikapita.

Mzee hakuweza kuita mtu. Hewa ikitokea shingoni, sauti haitoki. Siku hizi analala na kengele mkononi.

Je, mmepewa pampu ya mguu ya kunyonya makohozi? Itumieni makohozi yanapokoroma, si kila saa bila sababu. Ukizidisha, ndani huchubuka na kutoa damu. Kwanza nawa mikono kwa sabuni. Pima mpira wa kunyonyea, usipite urefu wa mrija wa shingoni. Uingize polepole bila kunyonya. Nyonya wakati wa kuutoa tu, usizidi sekunde 10. Kwa nini? Pampu hunyonya makohozi pamoja na hewa ya mgonjwa. Wewe mwenyewe zuia pumzi unapoanza. Ukiona shida, jua naye anaona shida. Mwache apumzike kabla ya kurudia.

Asikae jikoni penye moshi. Asioge mtoni, maana maji yakiingia tunduni huenda moja kwa moja mapafuni. Mbele ya tundu mwekeeni kitambaa chepesi chenye unyevu, kining'inie tu, kisibane.

Akishindwa kupumua, chomoeni mrija wa ndani mara moja, kisha mnyonye makohozi. Asipopata nafuu, mpelekeni hospitali saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku wa manane.