Vipimio Bandia vya Magari: Nafuu au Hasara?

Wahenga walinena kwamba ukiona vyaelea, vimeundwa. Makala haya yanadhamiria kufafanua faida na hatari za chombo kilichoundwa na mmoja kisha kikaigwa na wengi, yaani kipimio cha kompyuta ya gari.

Marekani ililazimisha magari madogo yote, kuanzia modeli za 1996, yawe na tundu la pini 16 karibu na usukani. Kipimio hupachikwa hapo, kikasoma misimbo ya hitilafu. Kimoja mashuhuri hutumia kijisilikoni cha ELM327, kilichobuniwa na kampuni ya Elm Electronics ya Kanada. Toleo lake la 1.0 halikuwa na kinga dhidi ya kunakiliwa, waigaji wakalivamia. Nakala nyingi hujinadi kuwa toleo la 1.5, ilhali Elm haikuwahi kutoa toleo hilo. Kwa lugha yetu ya uhakiki, huu ni mswada uliobandikwa jina la mtunzi asiyeuandika.

Faida zipo. Kwa bei ndogo, mwenye teksi akiuona msimbo P0300 hutambua kuwa moto unakosa kuwaka sawasawa katika silinda, hivyo hanunui vipuri kwa kubahatisha. Kwa fundi chipukizi wa jua kali, chombo hiki ni shule ya kwanza.

Hata hivyo, hatari zake si haba. Kwanza, baadhi ya nakala hazielewi amri na lugha zote za magari. Binamu yangu, fundi wa gereji, aliwahi kuamini nakala iliyodai kuwa gari halina kosa. Kesho yake gari hilo lilizimika mlimani likiwa na abiria. Kimya cha kipimio si ushahidi wa uzima. Pili, nakala nyingi za bluututhi hufunguliwa kwa nambari ya siri 1234, hivyo jirani yeyote aweza kujiunga nazo. Tatu, vipo vipimio bandia vya kuandika upya programu ya gari. Vikikatika katikati ya kazi, kompyuta yaweza kufa kabisa. Isitoshe, Sheria ya Kenya ya Kupambana na Bidhaa Ghushi ya 2008 huharamisha biashara ya bidhaa hizo.

Kwa kuhitimisha, tutenganishe kusoma na kuandika. Nakala yenye makosa yaweza kutuonjesha riwaya, lakini mhariri makini haitumii kusahihishia mswada asilia. Nakala ya kipimio nayo itupe dokezo tu. Hukumu tumwachie fundi mwenye chombo halali, kwani ndani ya gari mna roho za watu.