Kirikou aliingia ndani ya shimo, akaangalia

Kisangani, magaribi, kama umeme imekuja, watoto wanajaa mbele ya televisheni ya jirani. Wanacheka. Katoto kamoja kadogo sana kanakimbia kushinda wakubwa wote. Ni Kirikou, wa filamu ya michoro ya Mfaransa Michel Ocelot, iliyotoka mwaka 1998. Sisi wa karieri, tukae tuangalie nao: ile habari ni yetu.

Kijijini kwa Kirikou maji imekauka. Wakubwa wote wanasema: ni Karaba, yule mulozi. Wanaume hawaonekani tena? Karaba amewakula. Dhahabu nayo? Fetishi zake za mbao zinapita nyumba kwa nyumba, zinapekua. Wamama wanatoa, wanatoa, na maji hairudi.

Kirikou anauliza neno moja tu: juu ya nini? Hakuna mwenye jibu. Basi anaingia mwenyewe ndani ya tundu la chemchemi. Anakuta nyama moja kubwa: iliingia ikiwa ndogo, ikakunywa maji yote mpaka ikavimba, ikashindwa kutoka. Anaitoboa, maji inatoka. Na wanaume hawakuliwa: wamegeuzwa fetishi, ndio hao wanaopekua nyumba za wake zao!

Tunacheka. Lakini sisi je? Shimo likijaa maji, PDG anatafuta nganga mbele ya kutafuta motopompi. Udongo ukipasuka, wanachinja kuku mweupe, na miti ya kushikilia ukuta haiko. Mwezi ukipita bila kuona kitu, baba anarudi nyumbani, anaangalia mtoto na jicho mubaya: "Ni huyu anafunga bahati yangu." Sheria ya Congo ya kulinda mtoto, ya tarehe 10 Januari 2009, inaadhibu mtu anayeshtaki mtoto uchawi bure. Na kuku haijawahi kushikilia ukuta.

Tusiseme kucheka hivi ni mambo ya wazungu. Mkongomani Jean-Michel Kibushi alianzisha studio Malembe Maa mwaka 1988. Mwaka 1991 akatoa filamu ya michoro juu ya chura anayeenda kwa wakwe zake, hadithi ya Watetela. Babu zetu walijua kufundisha kwa kicheko.

Leo usiku cheka na watoto. Kesho, mbele ya kushuka, angalia ukuta wa shimo, uulize kama yule mudogo: juu ya nini?