Kamba wa Ndimu na Kotmiri

Pana fikira iliyozoeleka katika nyumba zetu nyingi za mwambao, nayo ni kwamba chakula cha heshima hakina budi kukaa mekoni muda mrefu. Biriani yataka nusu ya siku, pilau yataka kuangaliwa, maharagwe ya nazi hushughulisha moto tangu adhuhuri. Na mwanamke aliyeteremsha sufuria yake mapema hudhaniwa kuwa amewafanyia watu wake uvivu. Matokeo ya fikira hii huonekana zaidi katika mwezi wa Ramadhani. Tangu baada ya sala ya alasiri hata adhana ya magharibi, mama wa nyumba na mabinti zake huwa wamezungukwa na moshi, na juzuu waliyonuia kuisoma siku hiyo hubaki haijafunuliwa. Sisi hatusemi kwamba biriani iachwe. Twasema tu kwamba bahari yetu ina vyakula ambavyo vyenyewe havipendi moto wa muda mrefu, na ambavyo vikipikwa kwa dakika tano huwa vitamu kuliko vikipikwa kwa nusu saa. Mfano bora wa vyakula hivyo ni kamba.

Kamba tumkusudiaye ni yule wa kawaida auzwaye katika soko la samaki la Malindi huko Unguja, pale Feri mjini Dar es Salaam, na katika vijiji vya wavuvi vya Kenya kama Ngomeni na Kipini. Si yule mkubwa wa miambani, kamba kochi, ambaye ana upishi wake na bei yake. Kamba huyu wetu maisha yake yamegawanyika sehemu mbili: wazazi hutaga mayai katika maji ya bahari, na watoto wakiisha kuanguliwa huingia katika mikoko, wakakulia humo penye chakula na maficho, kisha hurudi baharini wakiwa wamepata ukubwa. Kwa hiyo anayekata mikoko ovyo kwa ajili ya kuni na boriti aelewe kuwa anaikata pia sahani ya watoto wake.

Kabla ya kuwasha moto, yafaa kwanza tuseme neno juu ya uhalali wake, kwani majirani zetu si wa madhehebu moja. Kurani Tukufu, katika sura ya Al-Maida, aya ya 96, imetuhalalishia mavuvi ya baharini; na sisi wengi wa mwambao huu tulio katika madhehebu ya Imam Shafi twamla kamba bila ya wasiwasi. Lakini ndugu zetu wa madhehebu ya Imam Abu Hanifa, ambao wengi wao asili yao ni Bara Hindi, husema kwamba kilicho halali katika wanyama wa baharini ni samaki tu. Na wanavyuoni wao wenyewe wamehitilafiana kama kamba ahesabiwe kuwa ni samaki au la. Mashia Ithnaasheri nao hula samaki wenye magamba, na kamba kwao ni halali, ila pweza na ngisi hawali. Haya si mambo ya kubishania mbele ya sahani. Mwenye kualika mgeni kufuturu amwulize mapema, kwa upole, na ikiwa mgeni hali kamba basi atengewe vipande vya changu au vya kolekole vilivyopikwa kwa viungo hivi hivi katika kikaango kingine. Mgeni ambaye ameketi na njaa ya siku nzima, kisha akatazamana na sahani ambayo nafsi yake haiiridhii, hakukirimiwa.

Ama kununua, huku ndiko kwenye nusu ya upishi wote. Kamba mzuri huwa imara, ganda lake lang'aa, na kichwa kimeshikamana na kiwiliwili. Kichwa kinachoning'inia, madoa meusi yaliyoenea, na hasa harufu kali ichomayo pua, ni dalili za kamba aliyekaa. Kichwani mwake zimo chachu za kusagia chakula ambazo, akiisha kufa, huanza kuila nyama yake mwenyewe na kuifanya telelele. Ndiyo sababu mtu asiyekusudia kumpika saa hiyo hiyo yampasa akivunje kichwa na kumweka katika barafu. Kilo 1 ya kamba wazima ikiisha kumenywa hutoa nusu kilo ya nyama, au zaidi kidogo, nayo yatosha watu wanne wakila na wali au na mkate. Kila kamba apasuliwe mgongoni kwa ncha ya kisu, atolewe ule uzi mweusi ambao ndio utumbo wake, aoshwe upesi, kisha akaushwe kwa kitambaa safi. Msidharau kukausha huku. Kamba mwenye maji akitiwa katika mafuta hachomeki, bali hutokota.

Sasa tufikie ndimu. Matunda haya ya jamii ya mchungwa yana habari ndefu katika mwambao wetu. Mwezi wa Aprili 1498, Vasco da Gama alipotia nanga Mombasa, mabaharia wake wengi walikuwa na ugonjwa wa kiseyeye, ufizi umevimba na viungo vimelegea. Mfalme wa Mombasa aliwapelekea kondoo, na machungwa, na malimau, na miwa mingi. Mmoja wa watu wa safari hiyo aliandika katika kumbukumbu zake kwamba wagonjwa wao wote walipona walipofika mji ule, naye akaisifu hewa ya Mombasa kuwa ndiyo njema. Hewa ya Mombasa ni njema, hatukatai! Lakini ilipofika mwaka 1747 tabibu mmoja wa merikebu za Kiingereza, James Lind, aliwachukua mabaharia 12 wenye kiseyeye, akawagawa wawili wawili, na kila wawili akawapa dawa mbali. Wale waliopewa machungwa mawili na limau moja kila siku ndio waliopona upesi kupita wote. Hata hivyo jeshi la majini la Uingereza lilikawia mpaka mwaka 1795 ndipo lilipoamrisha maji ya malimau. Siku hizi twajua kwamba ponyo ile ilikuwa ni vitamini C. Na vitamini hii ina tabia moja impasayo mpishi kuikumbuka: moto huipunguza. Kwa hiyo ndimu ikamuliwe mwisho, kikaango kikiisha kuteremshwa, na hapo faida yake na harufu yake vyote viwili hubaki.

Lakini kuna jambo ambalo twataka vijana walishike, maana siku hizi wamezuka waigao mapishi ya nchi za mbali ambako samaki mbichi hurowekwa ndimu akaliwa. Ni kweli kwamba ukali wa ndimu huibadili nyama ya kamba ikawa nyeupe na ngumu kidogo, hata mtu akadhani kuwa imeiva. Haikuiva. Ndimu haiui vijidudu vyote vya maradhi wala minyoo kama moto uuavyo, na katika joto la nchi zetu, kwa kamba aliyepita mikono mingi toka mashua hata sokoni, kumla hivyo ni kucheza na matumbo ya watoto. Ndimu ni kiungo, jiko ni jiko. Tena kamba asirowekwe katika ndimu zaidi ya dakika kumi, la sivyo nyama yake huwa kama chaki.

Basi upishi wenyewe ni huu. Zipondwe punje nne za kitunguu thomu pamoja na kipande cha tangawizi cha ukubwa wa kidole gumba na pilipili mbichi moja, ukipenda. Kamba waliokauka wachanganywe na chumvi, pilipili manga na manjano kidogo sana; manjano yakizidi huificha harufu ya ndimu. Kikaango kipana kiwekwe juu ya moto mkali, kitiwe mafuta vijiko viwili na samli kijiko kimoja. Mafuta yakianza kumeremeta, kamba wapangwe kila mmoja na nafasi yake. Wasirundikwe, ikiwa hawatoshi, wapikwe kwa mafungu mawili. Waachwe dakika moja na nusu bila kuguswa, wageuzwe, kisha itiwe thomu iliyopondwa na kukorogwa kwa dakika moja nyingine hata ukali wa ubichi wake uishe.

Kumjua kamba aliyeiva si kazi. Rangi yake ya kijivu hugeuka kuwa nyekundu ya kupendeza, kwani wekundu huo ulikuwamo tangu hapo, umefungwa na protini, na moto ndio uufunguao. Nyama ya kati huwa nyeupe isiyopenyeza nuru. Na kwa wanafunzi wa chuoni twaongeza alama nyingine: kamba akijipinda mfano wa herufi ya dali, ametimia; akijiviringa hata mkia ukagusa shingo, mfano wa kichwa cha wau, amepita kiasi na atatafunika kama mpira.

Hapo kikaango kiteremshwe. Lile fungu la kotmiri, ambalo wengine huliita giligilani na wa Kenya huliita dania, liwe limekwisha oshwa kwa maji safi mara mbili au tatu, kwani majani haya huliwa bila kupikwa na bustani nyingi za mijini hazimwagiliwi maji ya kuaminika. Likatwe pamoja na vikonyo vyake vyororo, yaongezwe majani machache ya nanaa, yatupwe juu ya kamba, kisha zikamuliwe ndimu mbili. Mwenye limau apare ganda lake la juu, lile la manjano tu bila ya weupe wenye uchungu, alinyunyize. Wako watu ambao kwa maumbile yao huipata kotmiri na harufu ya sabuni. Hao wasilazimishwe, nanaa yawatosha.

Kwa nini tumesisitiza thomu iive? Ni kwa sababu baada ya futari kuna tarawehe. Mtukufu Mtume (s.a.w.) alimkataza aliyekula thomu au kitunguu kibichi asiukaribie msikiti kwa harufu yake, na Sayyidna Umar aliwausia watu kwamba mwenye kuvila avipike mpaka harufu yake ife. Safu ya sala ni ya watu wengi, na pua ya jirani ina haki zake.

Kuna sharti jingine, nalo si la mzaha. Baadhi ya watu miili yao haimpokei kamba kabisa: midomo huvimba, ngozi huwasha, na mara nyingine pumzi hubana. Hali hii si kijicho wala si deko la mtoto. Mwenye kupatwa na kubanwa pumzi apelekwe hospitali dakika hiyo hiyo, wala asijaribiwe tena kwa "kipande kidogo tu".

Upishi huu twawapendekezea hasa vijana wa kiume. Bibi Aisha alipoulizwa juu ya mwenendo wa Mtume nyumbani, alijibu kwamba alikuwa akiwahudumia watu wa nyumba yake, kama ilivyopokewa na Imam Bukhari. Sasa kijana aliyeketi barazani tangu alasiri akihesabu dakika za magharibi, huku mama yake amesimama motoni naye amefunga vile vile, ana mwenendo wa nani? Kazi ya kumenya kamba na kuosha majani haihitaji ufundi wa miaka. Aifanye yeye, na kikaango akishike yeye, na mama apate kuketi na msahafu wake.

Bei nayo twaijua. Kamba wakubwa mara nyingi huchukuliwa na mahoteli, na mwenye mshahara mdogo hubaki kutazama. Wale wadogo hupikika vizuri vile vile, ila muda wao ni nusu. Ngisi naye hufaa, akatwe pete nyembamba na apewe dakika mbili tu. Akipita hapo hukakamaa, na haregei ulaini mpaka achemshwe karibu dakika arobaini.

Vichwa na maganda visitupwe. Vikaangwe katika mafuta kidogo hata viwe vyekundu, vitiwe maji vibirika vitatu vya chai pamoja na kitunguu na nyanya moja, vichemke dakika ishirini, kisha vichujwe vizuri ili miiba isibaki. Supu hiyo ihifadhiwe katika friji usiku huo huo. Wakati wa daku ichemshwe upya, itiwe kipande cha ndimu, inywewe na mkate.